Vile Nilimutafsiria Mama Kavugho

Bandugu, hii habari nimeifunika miaka mbili, hata bibi yangu namuambiaka nusu tu, juu kila nikiikumbuka uso unawaka. Lakini mukiisikia kwa batu bengine bataiongeza chumvi, basi afazali nijiaibishe mi mwenyewe.

Mi ni mwalimu wa Kifaransa hapa Butembo, mu commune ya Kimemi, na Kifaransa yangu (niseme bila haya) nilikuwa naipenda vile bengine banapendaka suti. Siku moja mutu akanipigia simu toka Beni: kuko tume ya babunge inafika toka Kinshasa, inakuya kuuliza mipango ya serikali juu ya usalama imefanya nini, na itasikiliza bale bamefiwa, lakini baheshimiwa bengi habajui Swahili, basi banatafuta mutu wa kutafsiri. Nilikubali mbele hajamaliza kusema. Nikapiga shati pasi mara mbili, nikapanda pikipiki mpaka Beni.

Ku mulango wa salle, ile nyumba kubwa ya mikutano, mukubwa wa protocole, ule anapangaka bageni, akanishika mukono. "Mwalimu, bamama batasema mingi. We utafupisha. Tena uweke maneno muzuri, bakubwa ba usalama bako mu mustari wa kwanza."

"Hakuna shida, papa," nikajibu. (Njo pale nilianguka, ile ingine yote ilikuwa kubiringika tu.)

Wa kwanza kuitwa alikuwa mama Kavugho, mama wa umri, mutu wa upande wa Eringeti, alikimbia kule na sasa anaishi Beni kwa ndugu yake. Akashika micro (kipaza sauti) na mikono yote mbili. Hakulia.

"Bwana yangu na binti yangu Kahindo balikuwa mu shamba ya kakao," akasema. "Asubui tuliona batu banapita na mapanga, tukapiga simu kwa basoda. Kambi yao iko karibu, unafika na mguu mbele chai haijapoa. Basoda balikuya jioni, bo bawili bamekwisha kuuawa. Mi siulizi nani aliua, mutaniambia ni adui. Ninauliza hivi: ile siku nani alikuwa na kazi ya kutulinda, na ni nani alimuuliza? Hii ni mara ya tatu ninasema haya maneno mbele ya batu ba karatasi. Karatasi ya kwanza na ya pili mulizipeleka wapi?"

Nikaangalia mustari wa kwanza, nikaona kanali mumoja ameniweka macho, na mi, na Kifaransa yangu yote, nikasema kwamba madame amepoteza bwana na mutoto, anaomba usalama uongezwe, na anashukuru tume kwa kufika mpaka huku.

Baheshimiwa bakapiga makofi.

Munasikia? Mutu anasema mutoto yake aliuawa, batu banapiga makofi. Mustari wa kwanza nao bakafuata (bo balisikia Swahili vizuri, lakini tafsiri yangu ilibafaa kuliko ukweli). Mama Kavugho akanigeukia, akaniuliza mu micro, salle yote inasikia: "Mwalimu, banapigia nini makofi?"

Nafasi ya kurekebisha ilikuwa pale. Kiongozi wa tume akaniuliza mama anasema nini, na mi nikajibu, "Elle est très émue," kumaanisha ameguswa sana. Basi yule kiongozi, mutu wa huruma kweli, akasimama, akashuka kuenda kumukumbatia. Mama akarudi nyuma. Kiongozi akabaki na mikono wazi mbele ya kamera, na kule nyuma mutu mumoja akacheka, kisha bengine, kicheko kibaya cha batu bamechoka kulia, na sauti ya mama mumoja ikapanda: "Mwalimu ni muongo! Mama hakusema vile!" Bakaanza kupigisha viti chini.

Nikasema "pardon", nikasema "c'est-à-dire", yaani "maana yake", kisha ile Kifaransa yangu yote ikanikimbia. Njo akasimama Masika, binti mwenye blouse ya infirmière, muuguzi wa hospitali, nilimufundisha miaka tatu. Akakuya mpaka mbele. Hakunitukana.

"Mwalimu, nipatie micro."

Nikamupatia. Akaanza kutafsiri neno kwa neno, na ile Kifaransa yake nilikuwa naipigiaka alama ndogo, na batu bakatulia kidogo. Lakini hakufika ku swali. Mukubwa wa protocole alikuwa amekwisha kumunongoneza kiongozi ku sikio ati salle inachemka, basi kikao kikasimamishwa, batarudi kisha chakula.

Habakurudi. Ndege yao iliruka mangaribi ile ile, na bamama bengine, bale balikaa ku benchi tangu asubui bakingojea majina yao, bakaenda na maneno yao mu tumbo. Na ripoti ilipotoka (Masika alinionyesha ku simu), chini ya jina ya mama Kavugho kuliandikwa kwamba anaomba usalama na anashukuru.

Nilipitisha wiki tatu naogopa, kisha nikarudi Beni, Masika akanifikisha. Mama alikuwa anachambua maharagi. Nikapiga magoti, nikasema mama, unisamehe, niliogopa, tena nilitaka bakubwa banione muzuri. Akaendelea na maharagi.

"Mi sikukuya pale kulia," akasema. "Kulia nilimalizia ku nyumba. Nilikuya kuuliza."

Nikamuahidi nitaandikia tume barua, maneno yote vile aliyasema. (Niliandika, nilituma, nangojea mpaka leo.) Akasema sawa, lakini kwanza useme hapa, na Kifaransa, Masika asikie kama ni kweli. Nikasema yote. Sauti ilikatika ku jina ya Kahindo, nikarudia toka mwanzo mpaka ku zile karatasi, na Masika akaitika na kichwa.

Niliapa palepale: mutu akiweka tena maneno yake mu kinywa yangu, yatatoka vile yaliingia, hata akae nani mu mustari wa kwanza, na nikisikia woga nitarudisha micro mbele sijasema kitu.

Mama Kavugho aliacha maharagi, akaniangalia.

"Kumbe ni mingi hivi," akasema. "Kule ku salle ulimaliza mbio, mi nikafikiri njo vile Kifaransa iko, inakuwaka fupi."