Kidole cha Mama Yake Dukhan

Dukhan Mahto alikuwa mwanasiasa, lakini usimfikirie yule wa magari sita na walinzi wenye miwani myeusi. Huyu wetu alianzia kwenye majamvi. Wakubwa wa Chama cha Kisima wakija kuhutubia, yeye ndiye aliyefagia uwanja, akatandika majamvi, akajaza mitungi maji, na wakishaondoka akayakung'uta vumbi na kuyakunja. Waliokalia majamvi yale wakawa wabunge, wengine mawaziri. Yeye akabaki na majamvi yake, na mgongo unaouma.

Aliingia siasa kwa jambo moja tu, na Harinpur nzima ilijua ni lipi. Mwaka wa pili wa ndoa yake, mkewe Phulmati alishikwa na uchungu wa kujifungua mvua zikiwa zimepamba moto. Hospitali iko ng'ambo ya mto Sukri. Wakamlaza kwenye kitanda cha kamba, wanaume watatu wakatia mabega, na wa nne alipokosekana, mama yake Dukhan, bibi Sugiya, alijitwika ile pembe ya nne mwenyewe. Walipofika ukingoni mto ulikuwa umefura, hauvukiki. Wakasimama pale mchana kutwa wakitazama maji yakipita, mpaka Phulmati akanyamaza, yeye na mtoto wake tumboni. Kitanda kikarudi nyumbani kwa njia ileile kiliyojia.

Dukhan hakuoa tena. Alitaka daraja. Wengine hutaka ukubwa, wengine hutaka kuogopwa, yeye alitaka daraja juu ya Sukri, basi. Akaambiwa daraja linatoka kwa mbunge wa jimbo, na mbunge anatoka chamani, na chama kinahitaji watu wa kutandika majamvi. Akatandika.

Kazi yake nyingine ilikuwa kuwafundisha watu kupiga kura. Wengi wa Harinpur hawakujua kusoma, mama yake akiwa wa kwanza. Dukhan alipita nyumba kwa nyumba na kipande cha mkaa, akichora kisima ukutani, kamba yake na ndoo yake. "Jina msilitazame," aliwaambia. "Jina ni vijidudu tu vimejipanga. Tafuteni kisima. Mkikiona, bonyezeni kitufe cha pembeni yake, mwende zenu mkale."

Halafu kukatokea ule mwaka wa feni. Siku mbili kabla ya uchaguzi, wapinzani walileta gari lenye kipaza sauti: jamani, Chama cha Kisima kimebadilisha picha, sasa ni feni, Dukhan mwenyewe ametutuma! Nusu ya kijiji ikabonyeza feni. Dukhan karibu apate wazimu. Aliwakusanya wote uani kwake, akaleta kijungu cha shaba chenye maji matakatifu ya mto Ganga, akamtaka kila mmoja atie mkono na kuapa.

"Atakayekuja kuwaambia picha imebadilika, ni mwongo," alisema. "Kisima ni kisima mpaka nife."

"Na ukija wewe mwenyewe?" aliuliza mzee Jhagru, jirani yake, ambaye mdomo wake haukujua likizo.

"Hata nikija mimi! Mjue nimelewa, au nimerogwa. Nifukuzeni!"

Watu wakaangua kicheko. Lakini waliapa, na kwetu mtu akishatia mkono katika maji yale, hayo si mambo ya kuchezea. Bibi Sugiya aliapa mara mbili, moja yake na moja ya marehemu Phulmati.

Miaka ikaenda. Dukhan akachaguliwa mkuu wa kijiji mara mbili, na mara moja akaongoza baraza la tarafa. Akachimba visima vya pampu, akasimamisha shule, akawapatia wajane kadi za mchele. Lakini daraja halikuwa la kimo chake. Kila uchaguzi wa jimbo ulipokaribia alikwenda kwa Girija Babu, mwenyekiti wa chama, mzee mnene asiyekosa tambuu shavuni, kuomba agombee yeye. Na kila mara Girija Babu alimpapasa bega: "Safari ijayo, ndugu yangu. Wewe si mtu wetu wa nyumbani?" Mtu wa nyumbani! Mara nne alivikwa kilemba hicho cha ukoka, na mara nne alirudi akitabasamu, masikini.

Mara ya tano Girija Babu alitamka hadharani, mbele ya umati: safari hii ni Dukhan. Bibi Sugiya alisikia, akagawa vipande vya sukari guru kwa watoto wote wa mtaa. Alikuwa na kalenda ya chama yenye picha ya kisima, akaihamisha kutoka jikoni akaitundika ukutani pamoja na miungu. Majina yalipotangazwa, mgombea alikuwa Vinay Sao, mwenye machimbo ya mawe, aliyejiunga na chama Jumanne ya wiki iliyopita.

"Babu, nimekosa nini?" Dukhan aliuliza, amesimama mlangoni kama mtu aliyekuja kuomba maji.

"Hujakosa kitu," alisema Girija Babu, bila hata kumtazama. "Ila siasa ya sasa inataka misuli, Dukhan. Wewe ni mtu mwema. Kesho kuna mkutano wa Vinay, uwanja wa soko. Uangalie majamvi yasiwe na vumbi."

Nasema kweli, hata mimi ninayesimulia nikikumbuka hayo hupandwa na hasira upya. Dukhan alitoka bila kuaga, akapanda basi la mjini, akachukua fomu ya mgombea binafsi. Alikuwa na miaka hamsini na miwili.

Mgombea binafsi hupewa picha na serikali. Wagombea watatu waliutaka mwavuli, ikapigwa kura ya bahati, Dukhan akaukosa. Karani akapekua orodha yake. "Kimebaki kitanda cha kamba," alisema. "Au kiatu."

Dukhan alikitazama kile kitanda kwenye karatasi, kidogo kama ukucha, na miguu yake minne. Akaisukuma karatasi kando. Lakini ni nani atakwenda kuomba kura kwa kiatu? "Nipe kitanda," alisema.

Vijana wa Vinay Sao hawakulaza damu. Walibeba kitanda mabegani, wakakizungusha soko la mjini huku wakiimba zile nyimbo tunazoimba tukipeleka maiti mtoni. Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Dukhan alipita katikati yao ameinamisha kichwa.

Na sasa nifike kwenye kosa lake, maana alikosa, na sitamficha. Hakumwambia mama yake, wala mtu yeyote wa Harinpur. Alishindwa. Bibi yule alikuwa anaifukizia kalenda ubani kila asubuhi, na mwanawe angeanzia wapi kumwambia kwamba chama alichokitumikia miaka ishirini na saba kimemtema kama kokwa la embe? Akalala mjini, akisema kampeni imembana. Na kweli ilimbana: siku kumi na mbili, vijiji zaidi ya mia mbili, gari moja la kukodi linalokufa kila kilima. Marafiki walipomkumbusha Harinpur, alijibu, "Ah, Harinpur ni nyumbani. Nani anapiga kampeni chumbani kwake?" Akawatuma vibarua wawili wa mjini wapeleke huko kipaza sauti na mabango.

Vibarua wakaingia Harinpur wakitangaza: kisima kimepitwa na wakati, Dukhan sasa ni kitanda, bonyezeni kitanda!

"Wezi hao!" akapiga kelele bibi Sugiya, akitoka na beseni la mavi ya ng'ombe aliyokuwa akiyafinyanga ayakaushe yawe kuni. "Mwaka ule feni, mwaka huu kitanda! Mnataka kumwibia mwanangu kura?"

"Wapigeni!" alisema mzee Jhagru. "Alisema mwenyewe tuwafukuze!"

Wanawake wakatoka kila uchochoro. Lile gari liliondoka kinyumenyume, kioo chote kimejaa mavi. Vijana wa Harinpur, wale wajuao kusoma, karibu wote wako Surat na Delhi viwandani. Wachache waliobaki walijaribu kueleza, wakaitwa vibaraka wa wapinzani. Na wale vibarua, kwa kuogopa kukosa kazi, waliliosha gari mtoni kisha wakamwambia Dukhan, "Harinpur ni moto, mheshimiwa! Wametupokea kwa vifijo."

Siku ya kura Dukhan alifika kijijini asubuhi, akapiga kura mbio mbio ili awahi vituo vya mbali. Mama yake alikuwa ameshapiga kura, wa kwanza kwenye foleni ya wanawake. Dukhan akainama kumgusa miguu kwa heshima. Kituoni hairuhusiwi kutaja mgombea, na askari alikuwa hatua tano tu, kwa hiyo bibi alimwinulia tu kidole chenye wino mweusi ukuchani, macho yakimcheka. Dukhan aliondoka na moyo mweupe.

Kura zilihesabiwa mjini, mwanzoni mwa Juni, joto la kuchemsha ubongo. Kitanda kilikuwa kinaongoza! Usishangae, vijiji vile mia mbili vilimjua, na vilimwona amevijia mwenyewe. Kufikia mashine za mwisho alikuwa mbele kwa kura mia moja na zaidi, na kilichobaki ni Harinpur. Wafuasi wake wakaanza kumtafutia shada la maua. Dukhan aliketi, akafumba macho, akaliona daraja.

Wakala wake akasoma matokeo, akasoma tena. "Harinpur. Kisima, mia nne na mbili. Kitanda, kumi na tisa."

"Rudia," alisema Dukhan.

Akarudia. Vinay Sao alikuwa ameshinda kwa kura mia mbili thelathini na nane.

Watu wake wakatukana. Harinpur wamenunuliwa, walisema, wamemuuza mtoto wao. Na Dukhan aliamini. Njia nzima, kwenye lile gari la kukodi, aliwaza nyuso zao moja moja, nani amefanya hivi, na kwa nini, nimewakosea nini hawa watu. Alipanga kuchukua nguo zake na kuondoka asionekane tena.

Kuingia tu kijijini, ngoma. Poda nyekundu hewani, mashada, wanawake wanaimba. Redio ilikuwa imetangaza Kisima kimeshinda! Mzee Jhagru alimvika shada, akamkumbatia mpaka miwani ikamtoka.

"Mbunge wetu! Walitujia na kitanda, bwana wee, tukawatia adabu! Nusura wampumbaze hata Ramrati, nikamwambia wewe mama, umesahau maji ya Ganga? Tumebonyeza kisima wote, hata vipofu tumewashika mkono!"

Dukhan alisimama akiwatazama. Mia nne na mbili. Kila mmoja amepaka mafuta nywele, kila mmoja anaonyesha kidole chake. Hakuna aliyemsaliti hata mmoja. Jamani, kusalitiwa kungekuwa nafuu.

Mama yake alipasua umati na bakuli la halua, akamtia tonge mdomoni mbele ya watu. "Nilikibonyeza kwa nguvu mpaka kile kidude kikapiga kelele," alisema. "Sasa mwanangu, daraja wataanza lini?"

"Karibuni, mama," alisema Dukhan, akapokea tonge la pili.

Hakuwaambia siku ile. Angewaambia vipi? Kesho yake alimwita mzee Jhagru pembeni akamweleza yote. Mzee yule alivua kilemba. Aliketi chini pale pale, kilemba mkononi. Dukhan alimwapisha asimwambie bibi. Lakini Harinpur ni ndogo, na wiki ya pili Vinay Sao alipita barabara kuu na mashada yake, akawapungia watu mkono, na watu hawakupunga.

Jioni hiyo mvua za kwanza zilinyesha huko milimani. Dukhan alimkuta mama yake amechuchumaa karibu na pampu, jivu na ukwaju mbele yake, anasugua kidole. Alikuwa amekisugua mpaka ngozi imechubuka na damu inatoka, na ule wino umekaa pale pale ukuchani.

"Mama! Unafanya nini? Hautoki huo, mpaka ukucha uote."

Bibi hakuinua kichwa. "Ni kweli kwamba kitanda kilikuwa wewe?"

Dukhan akachuchumaa naye. "Ni kweli," alisema. "Niliona aibu, mama. Kosa si la kidole chako. Mimi ndiye niliyewaapisha."

"Kitanda cha kamba," alisema bibi. Machozi yalikuwa yakimchuruzika bila sauti. "Mwanangu, pembe moja ya kitanda kile ilikuwa begani kwangu. Mpaka leo iko begani kwangu. Ungeniambia tu neno moja, ni kitanda, ningekitafuta kwenye ile mashine hata kwa kupapasa."

Dukhan akamshika ule mkono, akauosha jivu kwa maji ya pampu, taratibu, kidole kwa kidole. Huko bondeni mto Sukri ulikuwa umeanza kusikika. Akamwinua mama yake, akamwingiza ndani, kisha akaenda kuwaambia wenye wagonjwa wawavushe kesho asubuhi, kabla maji hayajajaa.