Redio ya Baba Iliyosikia Dunia Nyingine

Habari ilimkuta binti wa fundi karakanani mwa baba yake, kwa simu ya shangazi: "Mwanangu, baba yako ametutoka." Mezani, redio aliyoiunda baba ilikuwa bado inanguruma tangu binti alipoiwasha asubuhi. Ukizungusha kitufe chake, unazungumza na dunia nyingine, ambako mambo yalikwenda vingine.

Fundi huyo na bintiye walizoea kuisikiliza pamoja, wakicheka mpaka mbavu ziwaume. Katika dunia moja baba alikuwa mshonaji wa suruali zenye mguu mmoja mfupi. Katika nyingine alikuwa mpishi, kila siku akigombana na chumvi. Sheria ya karakana ilikuwa moja: aliyewasha ndiye azime.

Binti akakishika kitufe, akakizungusha. Kama yu hai mahali fulani, leo hazikwi mtu! Ikaja mikwaruzo, kisha mluzi wa baba anaoujua.

"Baba!"

"Naam, mama. Mbona unahema kama umefukuzwa na mbwa?"

"Uko hai! Mungu mkubwa! Sitoki hapa mpaka kiama!"

"Kumbe huko kwenu nimekufa. Sasa mama, aliyekulea ni huyo wa kwenu. Ukibaki kupiga soga na mimi, nani atamwombea? Nani aliwasha redio?"

"Mimi, baba."

"Basi unajua la kufanya. Nenda na Mungu."

Binti akazima.

Alasiri yeye na ndugu walimwombea baba, wakamshusha kaburini. Binti akatupia udongo kwa mkono wake, akaitikia amina kwa sauti kubwa kuliko wote.