Mvuto Mmoja wa Kamba

Jumamosi, saa tisa na robo alasiri, mzee alinifunga kiunoni mkanda wa koti lake la kuogea.

Mama humtunza mzee huyo nyumbani kwake mtaa wa Oxon Hill, huku ughaibuni. Siku hiyo alikwenda nami kwa sababu nilikuwa sili kwa woga. Kesho yake nilitakiwa kusoma somo kanisani, kwa Kiswahili, na mimi hata kuagiza chipsi huona haya.

"Nani amemeza sauti ya huyu?" mzee aliuliza, kwa Kiingereza chake cha taratibu.

"Mzee wangu, huyu akiulizwa jina anaangalia viatu," mama akanichoma.

Mzee akacheka. Alipokuwa kijana, alisema, alifundishwa upigaji mbizi wa kazi, hapa hapa mjini, mtoni. Wenzake wawili walimvisha: nguo ya turubai, kofia ya shaba, viatu vizito vya madini ya risasi, mpaka asiweze kuinuka peke yake. Chini kulikuwa na tope, hata mkono wake mwenyewe hakuuona, na bado aliambiwa aunge mabomba kwa kupapasa.

"Nati ikiponyoka, unaitafuta kama ufunguo kwenye mkoba wa mke wako."

"Hukuogopa?" Nilishangaa kusikia ni mimi nimeuliza.

"Sana! Lakini juu kulikuwa na mwenzangu ameshika kamba. Akivuta mara moja, anauliza: uko sawa? Nami navuta mara moja: niko sawa. Nisipojibu, ananivuta juu kama samaki, darasa zima linacheka."

Basi tukafanya mazoezi, mimi nyuma ya mlango, yeye kitini akivuta ule mkanda. Mama alicheka mpaka akamwaga chai.

Jumapili asubuhi nilifunga uzi wa sufu kidoleni, nikaupitisha chini ya kitambaa cha mimbari hadi kiti cha mbele, alikokaa mama. Nikafungua Biblia. Vichwa vyote viliniangalia.

Uzi ukavutika mara moja. Nikasahau kujibu.

Ukavutika tena. Halafu nikaona mama anampa jirani mkoba wake, anakaza kitenge, anaanza kuinuka. Woi! Huyu anakuja kweli kunitoa!

Nikavuta haraka, mara moja. Mama akaketi.

Nikasoma somo lote.