Malkia Aliyeenda Kupumzika

Kipindi cha kwanza cha ile tamthilia ya Kikorea kilinigharimu zamu moja ya Jumamosi na kilo mbili za nyama ya mbuzi kutoka Vällingby, nyama iliyoshuka bei baada ya mimi kutoka dukani na kurudi mara mbili. Miguu sikuitia kwenye hesabu. Ilikwisha zamani.

Mama yangu alikuwa amebakiza siku chache hapa Bredäng, huku kwa Waswidi, viza yake iishe. Muda wote ule yeye na binti yangu waliishi kama wapangaji: bibi akisalimia, mjukuu akijibu "hej", salamu ya Kiswidi, na kufunga mlango. Kwetu Tanga mama alizoea tamthilia hizi zikiwa na DJ, yule msimulizi anayezungumza Kiswahili juu ya sauti za wahusika na kutia chumvi yake. Hii yetu ilikuwa na maandishi ya Kiswidi tu. Nikamwambia binti, pilau ipo, kazi yako kumsomea bibi.

"Orkar inte," akasema, yaani nguvu hana. Nani anazo nyumba hii? Lakini alikaa.

Waziri mmoja mwenye kofia ndefu akahutubia baraza la mfalme mpaka chai yangu ikapoa. Binti akatafsiri: "Amekasirika."

"Mke mwenzangu," mama akamwambia, "mtu kamwaga gunia zima la maneno, wewe unanipimia kibaba? Mengine umeyaweka wapi?"

Binti akacheka, akajikongoja na Kiswahili chake. "Anasema… kofia inambana. Na mfalme hajamlipa."

"Ehee!" Mama akapiga paja. "Huyo sasa ndiye DJ!"

Wakaendelea hivyo, wamebanana kwenye kochi, mimi nimesahaulika pembeni na sahani yangu. Mwishoni malkia, mama yake mfalme, akavuliwa mapambo, akatolewa nje ya jumba akiwa amebebwa kwenye machela. Maandishi yalisema wazi: asirudi tena mpaka kufa.

"Wanampeleka wapi?" mama akauliza, sauti imeshuka.

Binti akasoma. Akamtazama bibi yake. "Anaenda kupumzika, bibi. Atarudi. Mwanawe anamtengenezea chumba."

Kiswidi nakisoma. Nikakusanya vyombo.

Mama aliondoka wiki ile ile. Siku hizi akipiga simu hanitaki mimi, anamtaka DJ wake, na DJ anaongea mlango ukiwa wazi. Kila mara swali ni lile lile: "Malkia karudi?" Najua si malkia anayemuulizia.

Juzi nilimalizia vipindi vingine peke yangu. Malkia anafia huko huko. Na viza niliyomwombea mama tena, jibu limekuja: hapana.

Jumapili atapiga, na binti ananiuliza aseme nini. Nimepima huku, nimepima kule, mizani imegoma. Wewe unayesoma, ungekuwa ni mama yako, ungemwambiaje? Nishauri, tafadhali, kabla ya Jumapili.