Mwanamume wa Shaba Aliyefungwa Kikoi

Nilipokuwa na umri wa kung'oka meno, niliamini kwa moyo wangu wote kwamba babangu amegeuka shaba. Habari hiyo niliipata kwa Athumani, jirani yetu wa mtaa wa Kuze, aliyenizidi darasa moja kwa masomo na kumi kwa uongo. Alisema baharia akidumu kwenye meli za Wagiriki, jua la huko humchoma mpaka awe shaba, kisha hurudishwa kwao ndani ya kasha. Babangu alikuwa baharia kwenye meli ya Wagiriki, na hatukuwa tumemwona tangu nikiwa wa kubebwa. Na kule Mbaraki, katika ua wa ghala ambamo mamangu alichambua kahawa, kasha la mbao lilikuwa limefunguliwa.

Ndani yake mlitoka mwanamume wa shaba, mrefu kama mnara wa msikiti, uchi wa mnyama, mabawa mgongoni, moja limevunjika. Mwenye mzigo hakuja kumchukua. Kina mama waligoma kupita mbele yake hadi Mzee Kombo, bawabu, alipomfunga kikoi cha samawati. Hapo shaka yangu ikafa, maana baba wa kwenye picha yetu alivaa kikoi. Mabawa sikuyahoji, aliyesafiri mbali vile angekosa kurudi na kitu?

Kila nikitoka chuoni kusoma Kurani nilimwamkia, nikambusu mkono, ukawa na ladha ya sarafu. Nyumbani dele, birika letu la shaba la kahawa, tulilisugua kwa ukwaju na jivu mpaka ling'ae, basi nikachukua ukwaju wa jikoni nikamsugua miguu, nikitumai chini ya shaba itatokea ngozi. Mtaka cha mvunguni sharti ainame. Niliinama mpaka ukwaju wa Mombasa nzima ukaadimika. Mama alinitazama kutoka mlangoni, mavumbi ya kahawa kwenye nyusi, asinikataze. Vidole viling'aa kama dhahabu. Ngozi haikutokea.

Leo ua ule ni maegesho ya malori, na sanamu sijui iliko. Nilipokuwa shule ya usiku, nami tayari mtu mzima mwenye ndevu, mwalimu alitusimulia ngano ya Wayunani: kijana aliyetengenezewa mabawa na babake, akalikaribia jua, akaanguka baharini. Wenzangu walisinzia, mimi nililia pipa zima. Kumbe yule wetu wa shaba alikuwa mwana, si baba.

Nilimhadithia mama huku nikicheka. Alikuwa akipeta mchele, hakuinua uso.

"Nalijua ulimdhani babako," alisema. "Nilikuwacha kwa vile ulivyofurahi kumwamkia. Babako hakugeuka shaba, mwanangu. Alioa kuko kwa Wagiriki, akakaa."