Bomba Nililolichomelea Mara Mbili

Mwaka ule nilikuwa na tabia ya kuangalia kona ya barabara inayotoka Majengo, hapa Thika, kila nikiinua uso kutoka kwenye kazi. Ndiko msichana mmoja alikokuwa akitokea na chuma kilichovunjika mkononi.

Kiwanja chetu cha mafundi wa jua kali kilikuwa kando ya reli. Fundi mkubwa ndiye mwenye mashine ya kuchomelea, na mimi nilikuwa fundi wake wa bomba za moshi. Nilienda kwake nilipomaliza darasa la nane, na kufikia umri wa miaka ishirini na miwili alikuwa ananiachia ekzosti ya gari lolote bila kusimama nyuma yangu. Ndoto nilikuwa nazo nyingi. Nilitaka kiwanja changu mwenyewe kule Ruiru, upande wa Gatongora, ambako nyumba mpya zilikuwa zinaota na kila nyumba ingetaka geti. Hata rangi ya kibao nilikuwa nimeshachagua, buluu, na maandishi meupe. Kilichobaki kilikuwa ni kiwanja.

Yule msichana alikuwa akiuza nguo za watoto pamoja na baba yake sokoni Ruiru. Waliishi wawili tu. Mama yake alikuwa Nakuru tangu mvua za mwaka uliotangulia, akimuuguza nyanya mzaa mama. Haya aliniambia mwenyewe, kidogo kidogo, akingoja chuma chake kipoe, nami nikamwambia ya kiwanja cha Ruiru. Wiki hii mguu wa jiko, wiki ijayo mshikio wa sufuria, halafu komeo la mlango.

"Haiya!" fundi mkubwa alimwambia siku moja. "Kwenu kuna vita? Kila kitu kinavunjika."

"Ni vyuma vya siku hizi, baba. Havina nguvu."

"Havina nguvu, lakini njia ya kuja hapa vinaijua."

Alicheka mpaka akafunika mdomo kwa leso. Mimi niliinama nikajifanya natafuta kijiti cha kuchomelea. Ule mguu wa jiko nilikuwa nimeuangalia vizuri. Haukuwa umechakaa. Ulikuwa na alama ya jiwe, mahali pawili, kama mtu aliyegonga mara ya kwanza ukakataa, akagonga tena. Sikumwambia mtu. Niliuchomelea polepole kuliko ilivyohitajika.

Lakini nisiseme uongo, hatukuwa tumeambiana neno la mapenzi. Mimi ni mtu wa kanisa, wao ni watu wa msikiti, na baba yake alikuwa mzee mpole mwenye kofia safi ambaye sikujua hata nimsalimie vipi. Msichana ndiye aliyenifundisha. "Ukimwona baba, mwambie shikamoo. Usimwambie 'sasa, mzee'. Atakujibu, lakini roho yake itakaa upande."

Baba huyo alinunua gari mwezi wa pili. Lilikuwa gari la nyuma ndefu, la kutoka Japani, lililoshushwa Mombasa likiwa bado na kibandiko cha maandishi ambayo hakuna mtu Majengo nzima aliyeweza kuyasoma. Alilipenda kupita kiasi. Alilifuta vumbi kwa fulana yake ya zamani kila asubuhi baada ya swala. Na kwa kuwa alilipenda, alilinunulia petroli ya super peke yake, ile ya bei ya juu, kama mtu anayemlisha mgeni kuku kila siku.

Kufikia mwezi wa saba gari lilikuwa halipandi kilima. Kwenye mpando wa kutoka mto Chania lilikuwa linaunguruma bila kwenda, watu wanashuka na kusukuma. Mafundi wengine walikuwa wamebadilisha plagi, wakasafisha tangi, wakabadilisha chujio la hewa, na mmoja akamshauri mzee atafute aliyelitazama kwa jicho baya. Ndipo binti yake akamwambia, "Baba, jaribu wale wa kwa reli."

Walifika Jumatano. Nikasema shikamoo. Mzee akaniangalia kwa mshangao mzuri. "Marahaba, kijana wangu."

Fundi mkubwa alimwambia awashe gari na akanyage mafuta. Mimi nikapiga goti nyuma nikaweka kiganja kwenye mdomo wa ekzosti. Gari zima hutoa pumzi inayosukuma mkono. Hili lilitoa pumzi ya mgonjwa. Nikaingia chini. Katikati, chini ya miguu ya dereva, kulikuwa na dude la chuma limevimba kama kibuyu, limeiva kwa joto mpaka limebadilika rangi, na harufu yake ilikuwa ya mayai yaliyooza.

"Ni lile dude la Wajapani," nikasema.

"Nilijua," fundi mkubwa akajibu. Tulikuwa tumeshayaona matatu mwaka huo. Akamgeukia mzee. "Unaona, mzee, hii gari ilizaliwa kwa watu wa petroli safi. Ndani ya hii kitu kuna matundu madogo madogo kama masega ya nyuki, ya kusafisha moshi. Petroli yetu imetiwa madini ya risasi. Yale madini yanaziba matundu. Sasa gari inavuta hewa, lakini haiwezi kutoa."

"Lakini mimi nalitilia super tupu!"

"Hata super ni hiyo hiyo, mzee. Umeishibisha sumu kwa mapenzi."

Mzee alivua kofia, akaikunja, akaivaa tena. Nilimhurumia. Akatueleza kilichokuwa kikimsumbua: ndugu ya mkewe alikuwa amempatia chumba cha duka Nakuru, na alitaka kuhama Jumamosi na mizigo yote pamoja na binti. Ule mlima wa kupanda mpaka Limuru hawezi kuupanda kwa kusukumwa.

"Na kama halitapona?" fundi mkubwa aliuliza.

"Basi nitatangulia kwa basi nikashike duka, na binti abaki hapa kwa shangazi yake mpaka Disemba."

Mimi bado nilikuwa chini ya gari. Nilisikia lile neno Disemba nikiwa nimelala chali, vumbi machoni, na moyo ukaruka. Agosti, Septemba, Oktoba. Nilihesabu miezi kwa vidole vyenye grisi.

Mzee alipokwenda kunywa chai, msichana alibaki. Alichuchumaa karibu na miguu yangu iliyotokeza.

"Fundi."

"Naam."

"Litapona?"

"Linaweza kupona."

Halafu akasema, "Mama sijamwona miezi tisa. Kwenye barua anaandika ati amenisahau sura, ananitania. Lakini wewe unatakaje?"

Swali kama hilo mtu huulizwa mara moja maishani. Mimi nikajibu, "Nipitishie hiyo spana ya kumi na nne."

Akanipitishia. Akaondoka. Nilijitukana pale chini mpaka nikachoka.

Kesho yake nilikata lile dude kwa msumeno. Masega yake yalikuwa yameyeyuka na kushikana, kijivu kitupu, na yalipong'oka yalitoka vipande vipande. Ukiliondoa lile dude na kuweka bomba tupu, gari litapiga kelele kama tingatinga na litatema cheche. "Na ukienda Gatuanyaga wakati wa kiangazi na gari ya kutema cheche," fundi mkubwa husema, "nyasi za mtu zikiungua utajua ng'ombe wanaozila wana mwenyewe." Kwa hiyo sisi hutengeneza bomba la kuzuia moto. Unachukua bomba la ndani unalitoboa matundu pande zote. Unalizungushia waya laini, kama ule wa kusugulia sufuria, tabaka kwa tabaka, umelikaza. Unalitumbukiza ndani ya bomba nene, unaziba ncha zote kwa kuchomelea. Moto ukipita hapo unavunjika nguvu, na sauti inalainika. Ni kazi ninayoipenda kuliko zote, kwa sababu ikiisha hakuna anayeuona uzuri wake. Yote iko ndani.

Nilipokuwa napima bomba la nyuma, kitu kiligonga ndani. Nikamulika. Kipande cha masega, ukubwa wa yai, kilikuwa kimesukumwa na moshi mpaka kikakwama kwenye shingo ya sailensa, lile kopo la kupunguza sauti. Kukitoa kulitaka kukata tena mahali pengine na kuchomelea tena. Kukiacha hakukutaka chochote. Gari lingetembea vizuri tu barabara za tambarare. Lingepita Juja, lingepita Githurai, na likikutana na mlima lingeanza kukabwa koo, na mzee angerudi, na Jumamosi ingepita.

Fundi mkubwa alikuwa amekwenda kununua vijiti. Nilikuwa peke yangu na kile kipande.

Nikafunga. Nasema ukweli wangu: nikafunga, nikachomelea, nikagonga magamba ya mshono, nikapaka rangi ya fedha juu.

Mzee alikuja jioni ile na kuliendesha mpaka kwenye mzunguko wa barabara na kurudi. Alishuka akicheka na meno yote. Alinishika mikono miwili, mikono yangu michafu vile, akainua uso akaniombea dua ndefu. Aliniombea afya, akaniombea kazi, akaniombea mke mwema. Nilikuwa nasema amina huku nikiangalia viatu vyangu. Nyuma yake msichana alikuwa amesimama na mkono juu ya boneti, akilisikiliza gari, na uso wake ulikuwa umeshafika Nakuru. Nikaona wazi kwamba alikuwa anamtazama mama yake, si mimi, si kiwanja.

Mzee alipofungua mlango aondoke, mdomo wangu ulisema wenyewe. "Mzee, ngoja. Sijamaliza."

"Hujamaliza nini? Mbona linakwenda kama mshale?"

"Kuna kipande kimebaki ndani. Nitalifungua kesho asubuhi. Saa nne utalipata."

Fundi mkubwa, aliyekuwa amerudi, aliniangalia kwa muda. Aliijua kazi yangu. Alijua kwamba mimi si mtu wa kusahau kipande. Walipoondoka alisema tu, "Kesho utumie vijiti vipya. Na ule mshono wa kwanza uukate wote, usiubandike juu."

Ijumaa nililifungua. Kipande kilitoka kikiwa kizima, nikakitupa kwenye vyuma chakavu na vingine.

Kwetu pale kuna desturi: aliyechomelea ekzosti ndiye hupanda gari safari ya kwanza ndefu, akae asikilize kama kuna mahali moshi unavuja. Kwa hiyo Jumamosi asubuhi nilipanda nao kutoka Thika mpaka Ruiru. Mzee usukani, mimi kando yake, msichana nyuma amebanwa kati ya godoro na marobota ya nguo. Nilifungua dirisha nikatoa sikio nje. Mashamba ya kahawa yalikuwa yanapita, na upepo ulikuwa unaingia wote masikioni. Sikusikia ekzosti hata kidogo. Nilikuwa nasikiliza nyuma.

"Baba," msichana alisema tulipopita Juja, "huyu fundi ati anataka kufungua kiwanja Ruiru."

"Ruiru pazuri," mzee akasema. "Lakini Nakuru kuna upepo wa ziwa."

"Upepo hauchomelei geti, baba."

"Na wewe umejua lini mambo ya mageti?"

Mzee akatabasamu kwenye kioo. Nikataka kusema kwamba mageti yako kila mji, kwamba mtu mwenye mashine yake anaweza kuishi popote, kwamba hata mimi naweza kujifunza kuupenda upepo wa ziwa. Maneno yalikuwa tayari, yamepangwa. Mzee akauliza, "Unasikia kitu, fundi?"

"Hapana, mzee. Liko sawa."

Ruiru nilishuka. Msichana alisogeza robota, akatoa mkono dirishani. Nikaushika. Ulikuwa na joto, na ulishika kwa nguvu kidogo kuliko salamu za kawaida, ama ni mimi niliyetaka iwe hivyo.

"Asante kwa kulifungua tena," alisema kwa sauti ya chini.

Basi alikuwa amejua kwamba sikusahau. Sijui alijua kiasi gani. Niliwaangalia wakipanda kale kamlima ka kutoka mtoni. Gari lilipanda bila kusita, gia ya tatu, na sauti nzito na laini, kazi safi kabisa. Nilisimama pale mpaka muuza mahindi akaniuliza kama nimeachwa na gari. Nikamwambia ndiyo.

Wiki tatu baadaye, mchuuzi mmoja wa Majengo ambaye huleta viazi kutoka Nakuru alipita kiwanjani na toroli lililopasuka fremu. Nilimuuliza habari za wale watu kabla sijamuuliza habari zake.

"Walifika kabla ya alasiri," alisema. "Mlima waliupanda bila kusimama. Mama mtu alikuwa amekaa nje tangu asubuhi, na walipofika mtoto alishuka gari likiwa bado linatembea. Walishikana pale mpaka majirani wakaja kuuliza kuna msiba gani."

Nilifurahi. Nasema kweli, nilifurahi mpaka nikaweka mashine chini. Halafu nikajifanya naangalia fremu ya toroli.

"Na yule msichana hakutuma salamu?"

Mchuuzi alijikuna shingo, akafikiri. "Alituma. Alisema niwasalimie watu wote wa Thika."

Mimi ni mtu wa Thika. Nikazipokea.