Jiwe la Mwali lilizikubali skuta za umeme zote, likanigomea mimi niliyezileta

Wakuu, salaam kwenu, mliopo kazini mkijifanya mna kazi na mliopo vitandani bila kujifanya.

Haya yamenikuta mimi mwenyewe, mwaka huu huu, hapa Unguja. Sitii chumvi. Pakifika mahali nikitia, nitawaambia.

Majina nimeyabadilisha na kijiji sikitaji, maana bado naenda kule kila wiki na nataka niendelee kukaribishwa maji ya kunywa.

Kwanza mnijue. Mimi ni mtoto wa Mtoni, umri unaelekea arobaini, mwili upo wa kutosha. Miaka mingi nilikuwa papasi Mji Mkongwe. Kwa wasiojua, papasi ni yule jamaa anayemfuata mtalii kutoka bandarini mpaka mlango wa hoteli akimuuliza kama anataka kwenda kuona mashamba ya viungo, na mtalii ameshasema hapana tangu hajakanyaga nchi kavu.

Si kazi ya kujivunia. Majirani wakimuuliza mama yangu mwanawe anafanya nini siku hizi, mama alikuwa anahamisha mazungumzo kwenye bei ya ndizi. Nimemsikia kwa masikio yangu, zaidi ya mara moja. Iliniuma sana, ila sikuwahi kusema.

Basi akatokea bosi. Tumwite Bwana Nassor, mtu wa mjini, ana duka la vitu vya kale na kila mwezi ana wazo jipya. Safari hii aliagiza skuta za umeme kutoka China. Zile za kusimama juu, unashika usukani, unabonyeza kitufe, unakwenda kimya kimya.

Wazo lake lilikuwa kuwapeleka watalii kulizunguka Jiwe la Mwali juu ya skuta.

Jiwe la Mwali ni jiwe kubwa la matumbawe huko kusini, limesimama peke yake kichakani, chini yake kuna pango lenye maji baridi. Wenyeji wanaliheshimu tangu enzi za mababu. Hulipigi picha, hupigi kelele, unavua viatu. Wanasema mle ndani kuna mwali, na mwali haendewi hovyo.

Bosi akaniambia, "Ukipata ruhusa ya wenyewe, wewe ndiye tour guide wangu. Sare, kitambulisho shingoni, kila kitu. Wakikataa, skuta nazipeleka Kendwa zikachezewe na watu wa mahoteli, na wewe utarudi bandarini."

Nikavaa kanzu, nikaenda kusini.

Mwenye kauli juu ya Jiwe ni bibi mmoja, ukoo wao ndio wanaolitunza. Kule wanamwita mvyale. Tumwite Bi Tatu. Nilimkuta barazani anasuka ukili wa mkeka.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba. Kaa."

Nikaeleza. Alisikiliza mpaka mwisho bila kuacha kusuka, akasema hana neno, ila mila ifuatwe. Watu wavue viatu, wapige hodi, pafukizwe ubani. Na kila anayefika mara ya kwanza atambulishwe kwa Jiwe. Jina lake, jina la mama yake, anakotoka na habari zake mbili tatu.

Halafu akaongeza, "Na mtu hajitambulishi. Atambulishwe na anomjua. Kila mtu akijisema mwenyewe, atajisema vizuri."

Nikasema sawa bibi, hayo madogo. Nikampigia bosi nikamwambia kazi imekwisha.

Wakuu, hapo ndipo nilipokosea. Mimi nilifikiria watu tu.

Siku ya kwanza nikawa nawahoji watalii kwenye gari tangu tunatoka mjini, ili nipate cha kusema. Mama mmoja wa Kiholanzi nilipomuuliza jina la mama yake alikumbatia mkoba. Baadaye alinieleza kwamba benki yao ikitaka kuhakikisha ni yeye, ndilo swali wanalouliza. Alidhani namwibia.

Tukafika. Viatu chini, hodi, ubani. Nikawatambulisha wote mmoja mmoja, vizuri kabisa. Nikageuka kuchukua skuta yangu.

Bi Tatu akanyoosha kidole. "Na hivi?"

"Hivi ni vyombo tu, bibi."

"Vina macho."

"Hizo ni taa, bibi."

"Vinakwenda wenyewe, vinalala, vinakula umeme. Vishawahi kufika hapa?"

"Havijafika."

"Basi."

Nikajitia ujanja. Nikamuuliza, mbona punda wanapita hapa kila siku na hawatambulishwi? Akaniangalia kwa huruma. "Punda wa hapa Jiwe linawajua mpaka mama zao."

Kabla ya yote akainama akapapasa tairi. Akauliza hizi ni nyayo au ni viatu. Nikaona hatari mbele yangu, maana zikiwa viatu zitavuliwa. Nikasema ni nyayo, bibi.

"Ukizivua anakwenda?"

"Hendi."

"Basi ni nyayo," akasema, na hilo likaisha.

Ikabaki suala la mama. Bi Tatu akauliza zinalala wapi na zinakula wapi. Nikamweleza kuna stoo mjini, zote zinachomekwa kwenye ekstensheni moja ukutani.

"Zote zinanyonya pahala pamoja?"

"Naam bibi."

"Basi ndugu hao. Na mama yao ndiye huyo."

Wakuu, mimi mtu mzima, nimevaa sare, nimesimama peku mbele ya Jiwe la Mwali nikitambulisha skuta moja baada ya nyingine, binti Ekstensheni, kutoka China. Majina walitoa watalii wenyewe. Mzee mmoja wa Kijerumani aliipa yake jina la mkewe wa zamani, kwa sababu nayo ilikuwa imemwangusha pale tulipozishusha garini. Nililitangaza jina hilo kwa heshima zote.

Tukaanza kuzunguka. Kimya, upepo mwanana, watalii wanatabasamu.

Nilipofika kwenye kona ya kwanza, skuta yangu ikazima.

Betri imejaa. Kila kitu sawa. Imezima tu.

Nikabadilishana na yule mama wa Kiholanzi. Yangu ikawaka chini yake ikaondoka naye. Yake ikazima chini yangu. Nikabadilishana na Mjerumani, mambo yakawa yale yale. Na kabla hamjaanza maneno ya uzito wangu, yule Mjerumani alikuwa mnene kuliko mimi.

Nikamaliza ziara kwa miguu, nasukuma skuta, nawaongoza watu ambao walishanipita na wananisubiri mbele.

Ikawa hivyo ziara iliyofuata, na iliyofuata tena. Fundi akaja, akafungua, akafunga, akasema hazina ubovu. Bosi akaanza kuniangalia vibaya. Jumamosi ile alikuwa anakuja dada mmoja, wakala anayeleta wageni kutoka mahoteli ya Kendwa, kuijaribu ziara yetu. Akiipenda, kazi ipo kila wiki. Asipoipenda, bosi anafunga na mimi narudi bandarini. Kanifafanulia hivyo bila kupepesa macho.

Nikarudi kwa Bi Tatu. Akanisikiliza, akauliza swali moja.

"Na wewe alokutambulisha nani?"

Nikaangalia kitambulisho changu.

"Umeniletea Wazungu na mama zao. Umeniletea watoto wa waya. Wewe mwenyewe hata mama yako simjui."

Nikamwomba anitambulishe yeye. Akasema ananijua kitu gani, zaidi ya kuwa napenda muhogo wake? Akasema kwa hivyo nisimwongoze mtu pale mpaka aje mtu anayenijua.

Nikamwendea bosi. Bosi akawaza kidogo, akasema, "Mimi nakujua wewe kwa upapasi. Nikasimame pale niseme nini?"

Ilinichoma, ila alikuwa na haki yake.

Akabaki mama.

Mama ni mtu wa sala zake, hana mchezo. Nikamweleza kwamba si ibada, ni mila ya mahali, mfano wa kupiga hodi nyumba ya watu. Akanijibu akiwa anachambua mchele, hata hakuinua uso.

"Mie nende nikaliambie jiwe habari zako? Mungu anazijua. Zinatosha."

Nikambembeleza mpaka nikachoka. Mwisho nikamwambia, "Basi mama. Sina mtu mwengine anonijua." Nikatoka nje, maana sikutaka anione uso.

Jumamosi asubuhi nikaenda kwenye gari nikiwa nimeshakubali yaishe. Nikamkuta mama amekaa kiti cha mbele, buibui lake jipya, kikapu cha chapati mapajani.

"Ugenini hakwendwi mikono mitupu," akasema. "Washa gari."

Tulipofika kule, pamoja na bosi, dada wakala na wageni wake, mama na Bi Tatu walianza kusalimiana. Hali, watoto, wajukuu, miguu, presha, mvua ya huko kwenu. Dada wakala akauliza kama hii ni sehemu ya ziara. Nikasema ndiyo.

Kisha mama akavua viatu, akapiga hodi, akasimama mbele ya Jiwe mikono imeshika kiuno. Mkao huo mimi naujua.

Dada wakala akanigusa bega. Anataka niwatafsirie wageni kila neno, wasipitwe.

Wakuu, hebu fikirieni.

"Huyu anaitwa Hamadi," mama akaanza. "Mama yake miye, Zainabu. Katoka Mtoni. Kazaliwa mkubwa, kanitesa."

Nikatafsiri.

"Kakojoa kitandani mpaka darasa la nne."

Nikatafsiri kwamba utotoni nilikuwa na changamoto za maji. Kumbe dada wakala kalelewa Tanga, Kiswahili anakisikia chote. Akasahihisha.

"Kala sahani ya wageni maulidini, akajificha chini ya kitanda. Mtaa mzima tunamtafuta, tunadhani kapotea. Tumempata kwa kumsikia anacheua."

Nikatafsiri.

"Paka anamwogopa mpaka leo."

Nikatafsiri. Bosi alikuwa nyuma ya mti anajifuta machozi kwa kofia. Yule Bi Tatu, ambaye mimi nilikuwa namheshimu, akasema, "Ongeza."

Mama akaongeza. Mengine sitayaandika hapa, jukwaa hili lina watoto.

Halafu akashusha mikono kutoka kiunoni. Nikadhani amemaliza.

"Baba yake alipoumwa," akasema, na sauti ilikuwa nyengine, "huyu ndiye alokuwa akimbeba mgongoni kumpeleka chooni. Mpaka siku alokufa. Anatoka huko bandarini anakofukuzwa na Wazungu, anarudi kumbeba baba yake. Wenzake wote wamesafiri, wananletea picha. Huyu kabaki na miye. Sijamwambia neno. Nnakwambia wewe, Jiwe, kwa kuwa umeuliza."

Dada wakala hakusahihisha kitu. Mama wa Kizungu mmoja akanong'ona, amesema nini?

Sikuweza kutafsiri. Nilikuwa nalia, wakuu, wacha niseme tu, na kitambulisho changu shingoni.

Bi Tatu akampa mama glasi ya maji. Halafu akanigeukia.

"Na yeye? Naye kafika leo."

Kumbe mama naye hajatambulishwa. Na pale anayemjua ni mimi.

Nikajifuta. Nikasema huyu anaitwa Zainabu, mama yake Bi Mize, katoka Mtoni. Nikawaza nilipe kisasi. Nikasema anakoroma, na akishindwa kwenye karata huzimwaga chini akasema ni upepo. Wageni wakacheka. Halafu maneno mengine yakatoka yenyewe. Nikasema kipande kikubwa cha samaki hukificha chini ya sufuria kwa ajili ya atakayechelewa kurudi nyumbani, na kwa miaka yote anayechelewa ni mimi.

"Inatosha," mama akasema. "Jua kali."

Nikawatambulisha waliobaki, nikapanda skuta. Nikafika kwenye ile kona nimefumba jicho moja.

Nikapita.

Sisemi ni nini kilichotokea. Wenye elimu ya umeme mtasema waya ulikuwa umelegea, na huenda ni kweli. Mimi nilipita, nikazunguka Jiwe zima, na kwa mara ya kwanza nikawa mbele ya watu ninaowaongoza.

Dada wakala aliipenda ziara. Ila alituambia wazi kwamba skuta angeweza kuzipata popote. Alichokipenda ni mama. Ametaka mama awepo kila Jumamosi, anitambulishe mbele ya wageni. Bosi amekubali bila kuniuliza, na mama ameshonewa sare, ya buibui.

Nilimkimbilia Bi Tatu aniokoe. Akatoa hukumu kwamba kwa mila mtu hutambulishwa mara moja tu.

Mama akamwambia bado hajamaliza.

Hivyo wakuu, kila Jumamosi nasimama peku kusini ya Unguja natafsiri utoto wangu kwa mataifa. Jumamosi iliyopita ilikuwa zamu ya siku niliyotahiriwa. Na mtaani kwetu Mtoni, jirani akiuliza mwanawe anafanya nini, mama haongelei tena ndizi. Anaanza kwenye skuta, na jirani hapati nafasi ya kuondoka.

Nilichojifunza: nimekwenda huku na huku miaka yote nikijisemea mwenyewe mbele za watu, najisema vizuri, na hakuna aliyenisikiliza. Aliyekuwa ananijua alikuwa jikoni anachambua mchele.

Sasa nawauliza na nyinyi, mjibu kwa ukweli. Ukipelekwa pale leo, nani atasimama akutambulishe, na unadhani ataanza na lipi?

Uwanja wenu. Wale wa darasa la nne nimeshawazoea, msijibane.